Feni ya rejeta inazunguka injini ikiwa baridi na kuzima ikipata moto: je, tatizo ni rilei?

Mkazi wa Mbezi ameuliza:

Ndugu wanajukwaa, habari za leo. Naomba msaada wenu kwa jambo ambalo limenisumbua kwa muda wa wiki 3 sasa, na ambalo mafundi wawili wameshindwa kulimaliza.

Nina Toyota Corolla ya mwaka 1998 yenye injini ya 5A-FE, ambayo naitumia kila siku kutoka Mbezi hadi Posta. Barabara ikiwa wazi, mshale wa joto hukaa chini kidogo ya nusu wala hausogei. Nikinasa kwenye foleni kwa dakika 10 hivi, mshale huanza kupanda na kiyoyozi huanza kutoa hewa ya vuguvugu. Siku ya kwanza nilipofungua boneti niliikuta feni ya rejeta imesimama kimya, huku hozipaipu ya juu ikiwa na moto ambao mkono hauwezi kuustahimili.

Fundi wa kwanza alisema mota ya feni imekufa. Alipoiunga moja kwa moja kwenye betri ili anionyeshe, ikazunguka kwa nguvu zote, naye akabadili kauli, akatoa themostati (vali inayodhibiti maji ya kupoza injini) na kuniambia niendeshe bila kifaa hicho; gari likaendelea kuchemsha kwenye foleni kama awali. Fundi wa pili aligonga rilei ya feni (swichi inayoendeshwa kwa umeme) kwa mpini wa bisibisi, na feni ikaamka papo hapo, ndipo akanituma Kariakoo nikanunue rilei mpya. Muuzaji aliitazama ya zamani, akanipa nyingine ya pini 4 yenye umbo lile lile, nayo iliingia kwenye soketi bila shida yoyote.

Tangu hapo mambo yamekuwa ya ajabu. Nikifungua ufunguo asubuhi, kabla hata ya kupiga stata, feni inazunguka. Injini ikishapata moto, feni inazima na haiwaki tena mpaka injini ipoe. Fundi amesema kompyuta ya gari imeharibika, na anataka kuiunga feni kwenye waya wa ufunguo ili izunguke muda wote. Sijakubali, kwa sababu ningependa kuelewa kwanza ni kitu gani kimeharibika. Nina maltimita ya kawaida na najua kupima volti na omu. Ninaomba anayefahamu anielekeze nipime wapi, na kwa utaratibu gani.

Mwanapwani amejibu:

Pole sana ndugu yangu. Mimi si fundi, ila nimemiliki magari ya Kijapani kwa miaka mingi hapa Mombasa, na joto la huku halimsamehe mtu mwenye feni mbovu. Njia ya haraka niliyofundishwa ni kubadilishana rilei: toa rilei ya honi, uitie mahali pa rilei ya feni. Feni ikifanya kazi na honi ikanyamaza, umeshajua mgonjwa ni nani. Kabla ya hapo, fungua kifuniko cha boksi la fyuzi ndani ya boneti, utafute fyuzi iliyoandikwa RDI FAN. Hiyo ndiyo ya feni ya rejeta, na ile iliyoandikwa CDS FAN ni ya feni ya kondensa ya kiyoyozi. Usiridhike kuiangalia kwa macho tu, kwani nimewahi kukuta fyuzi ya ampea 30 ikiwa na ufa mwembamba usioonekana.

Fundi Waya amejibu:

Ndugu Mkazi wa Mbezi, umefanya vyema kukataa feni isiungwe moja kwa moja, na ninakuomba usiigharimie kompyuta hata shilingi moja mpaka umalize kusoma maelezo haya. Ndugu Mwanapwani, fyuzi umeieleza sawasawa, lakini katika suala la kubadilishana rilei naomba niwe na maoni tofauti. Ushauri huo unafaa kwa magari mengi, ila kwa gari hili ndio hasa uliomfikisha mwenzetu hapo alipo, japo kwa njia ya dukani.

Watu wengi, na mafundi wakiwemo, wanaamini kwamba rilei zote hufanya kazi kwa namna moja: koili (waya uliozungushwa unaogeuka sumaku) ikipata umeme, pointi (vipande vya chuma vya kupitishia umeme) hugusana na umeme hupita. Rilei ya honi ni ya namna hiyo. Katika Toyota nyingi za miaka ya 1980 na 1990, rilei namba 1 ya feni imetengenezwa kinyume. Ikiwa haina umeme kwenye koili, pointi zake zimegusana na feni inapata umeme. Koili ikipata umeme, pointi zinaachana na feni inasimama. Swichi ya joto iliyochomekwa kwenye njia ya maji nayo imepangwa kinyume vilevile. Maji yakiwa baridi, swichi imefunga na inaipatia koili ethi (njia ya umeme kurudi kwenye bodi ya gari), kwa hiyo koili inavuta na feni inatulia. Maji yakifika takribani nyuzi 93 za Selsiasi, swichi inaachia, koili inapoteza umeme, pointi zinarudi kugusana na feni inazunguka, mpaka maji yatakaposhuka kwenye nyuzi 83 hivi.

Waliobuni mpango huu walikuwa na sababu nzuri sana. Koili ikikatika, waya wa swichi ukikatika, au plagi ya swichi ikichomoka barabarani, feni huzunguka badala ya kusimama. Kwa maneno mengine, hitilafu nyingi huishia kwenye kuipoza injini na si kuiunguza. Ndiyo maana sipendi kuona mpango huo unavunjwa kwa kipande cha waya.

Sasa chukua rilei ya kawaida, ile ya namna ya honi, uiweke kwenye soketi hiyo. Asubuhi maji yakiwa baridi, swichi inaipatia koili ethi, koili inavuta, pointi za rilei hii zinagusana na feni inazunguka. Maji yakipata moto, swichi inaachia, pointi zinaachana, na feni inasimama wakati ule ule unapoihitaji. Hayo ndiyo uliyoyaeleza neno kwa neno. Kompyuta yako haihusiki. Umeuziwa rilei ya namna nyingine, na jambo hilo, ukilitazama vizuri, limekupa habari njema, kwa sababu limethibitisha kwamba swichi ya joto ni nzima, waya zake ni nzima, na feni inapata umeme. Swichi mbovu isingeweza kuiwasha na kuizima feni kwa kufuata joto, hata kama ni kinyume.

Anza hivi. Chukua rilei zote mbili, ya zamani na mpya, utazame mchoro mdogo uliochapwa ubavuni. Koili huchorwa kama kisanduku au waya uliozungushwa, na pembeni yake kuna mstari wa pointi. Mstari ukiwa umegusana, hiyo ni rilei iliyofungwa ikiwa haina umeme. Ukiwa na mwanya, ni ya kawaida. Usitegemee namba za pini, maana rilei za mtindo wa Kijerumani huandikwa 85 na 86 kwenye koili na 30 na 87 kwenye pointi, ilhali za Kijapani nyingi huandikwa namba ndogo zinazoanzia 1. Mchoro hauna lugha mbili.

Kisha rudisha rilei ya zamani kwenye soketi, injini ikiwa baridi na imezimwa. Tafuta swichi ya joto ya feni, ambayo mara nyingi ipo karibu na makazi ya themostati, na uifuate kwa waya zake ili usiichanganye na sensa ya geji wala sensa ya kompyuta. Weka mikono, nguo na vifaa vyote mbali na mapanga ya feni, kwa sababu itaweza kuanza kuzunguka bila kukuonya. Fungua ufunguo bila kupiga stata, kisha chomoa plagi ya swichi hiyo. Ikiwa kila kitu ni kizima, feni lazima izunguke mara moja. Ikikataa, rilei ya zamani ndiyo ya kwanza kutiliwa shaka, hasa kwa kuwa iliamka ilipogongwa.

Hata hivyo kugonga si kipimo, ni dalili tu. Kipimo ni hiki. Toa rilei ya zamani, upime omu kati ya pini 2 za koili. Koili nzima ya volti 12 kwa kawaida husoma kati ya omu 50 na 120. Pima kati ya pini za pointi, ambazo kwa rilei hii zinatakiwa kusoma karibu na sufuri bila umeme wowote. Ipatie koili volti 12 kutoka kwenye betri. Utasikia mlio mdogo, na njia ya pointi inatakiwa kukatika.

Hapa naomba uwe makini, maana ndipo mafundi wengi wanapojidanganya. Maltimita inapopima omu hupitisha umeme mdogo sana, na pointi zilizoungua zinaweza kuupitisha huo bila taabu na kukusomea sufuri, kisha zikashindwa kabisa kubeba ampea ambazo feni inazitaka. Mfano wake ni bomba lililoziba kwa tope: tone linapita, ndoo haijai. Kwa hiyo rilei ya feni hupimwa ikiwa kazini. Rudisha rilei kwenye soketi, acha plagi ya swichi ya joto ikiwa imechomolewa, fungua ufunguo, na upime volti kwenye plagi ya feni kwa kuingiza sindano nyembamba nyuma yake, plagi ikiwa imechomekwa. Linganisha na volti za betri. Kisha chomoa plagi ya feni upime tena. Pima pia tofauti ya volti kati ya waya unaoingia kwenye pointi na ule unaotoka, feni ikiwa imeunganishwa. Rilei nzima hupoteza chini ya volti 0.2, na ikizidi 0.5 mimi huitupa.

Jambo la mwisho kwa sasa: kwa kuwa pointi hizi zimegusana muda wote gari likiwa limezimwa, umeme wake hauwezi kutoka kwenye betri moja kwa moja, la sivyo feni ingezunguka usiku kucha. Hupitia rilei kuu inayoamrishwa na ufunguo. Ukikuta tundu la kuingizia umeme halina volti 12 ufunguo ukiwa umefunguliwa, usiilaumu rilei ya feni, rudi nyuma kwenye fyuzi na hiyo rilei kuu. Tuletee namba ulizozipata.

Mama wa Safari Ndefu amejibu:

Nimeufuatilia mjadala huu kwa makini, kwa sababu mwaka jana nilipitia masumbuko yanayofanana nikiwa na gari jipya kidogo, la mwaka 2005, na ningependa wasomaji wenye magari ya namna hiyo wasije wakayachukua maelezo ya Fundi Waya bila kuyapima. Gari langu halina swichi ya joto ya feni. Lina sensa inayoipa kompyuta ya injini habari za joto, na kompyuta ndiyo inayoipatia koili ya rilei ethi inapoona inafaa. Rilei yenyewe ni ya kawaida, ile isiyopitisha mpaka ivute, hivyo kwangu koili ikikatika feni inakufa kabisa.

Fundi alinibadilishia rilei mara 2 bila mafanikio. Hatimaye ilionekana kwamba tundu moja la soketi lilikuwa limetanuka, pini haishikwi sawasawa, na plastiki iliyolizunguka imeanza kuwa ya kahawia kwa joto. Gari likipita kwenye matuta feni inawaka, likitulia inazima. Ndiyo sababu nasema mtu asiishie kwenye rilei, atazame na mahali inapokaa.

Mkazi wa Mbezi amejibu:

Nawashukuru nyote kwa moyo wote. Nimeitumia Jumamosi nzima kufanya vipimo kama nilivyoelekezwa, na kwa mara ya kwanza ninaona kitu kinachoeleweka.

Mchoro wa rilei ya zamani una mstari uliogusana, na ule wa rilei niliyouziwa una mwanya. Fundi Waya alisema kweli kabisa, na nimesikitika kwamba hakuna aliyenionyesha mchoro huo kabla sijalipa. Nilirudisha rilei ya zamani, nikachomoa plagi ya swichi ya joto, nikafungua ufunguo: feni haikuzunguka. Nilipoigonga rilei, ilizunguka kwa uvivu, kisha ikasimama.

Koili imesoma omu 78, na pointi zimesoma omu 0.4, kwa hiyo kama ningeishia hapo ningesema rilei ni nzima. Lakini betri ilikuwa na volti 12.5, waya unaoingia kwenye pointi ulikuwa na 12.4, na kwenye plagi ya feni, ikiwa imechomekwa, nilipata 7.1 tu. Nilipoichomoa feni, plagi ile ile ikasoma 12.4. Tofauti kati ya kuingia na kutoka kwenye rilei ilikuwa volti 5.1. Nimefungua ganda la rilei kwa kisu: pointi moja ni nyeusi na imechimbika kama jino bovu. Je, nikizisugua kwa msasa zitarudi?

Fundi Waya amejibu:

Kazi uliyoifanya ni safi, na namba zako zinajieleza. Katika volti 5.3 zinazopotea kuanzia waya unaoingia kwenye rilei hadi kwenye feni, 5.1 zinapotelea ndani ya rilei, na 0.2 iliyobaki iko kwenye waya na ethi, jambo ambalo ni la kawaida kwa gari la umri huu. Feni ilipochomolewa, hapakuwa na umeme unaotembea, kwa hiyo hapakuwa na kinachopotea, na ndiyo maana ulisoma 12.4. Mtu anayepima kwenye plagi iliyo wazi angeapa kwamba umeme upo na mota ndiyo mbovu. Mota nyingi nzima zimetupwa jalalani kwa kosa hilo moja.

Msasa utakufikisha nyumbani tu. Pointi hizi hupakwa madini yanayostahimili cheche, na ukishayasugua, zitaungua tena baada ya muda mfupi, tena pengine ukiwa mbali. Nunua rilei nyingine, na safari hii nenda dukani na rilei ya zamani pamoja na maltimita. Kabla hujatoa fedha, weka mita kwenye mlio, gusa pini za pointi: lazima ilie bila umeme wowote. Isipolia, ni ile ile ya honi, hata muuzaji aseme nini. Hakikisha pia pini za koili ziko upande ule ule kama za zamani na kwamba uwezo wake si mdogo kuliko ule ulioandikwa kwenye ganda la zamani.

Kabla ya kuichomeka mpya, ninakuomba ujiulize kilichoiunguza ya kwanza. Huenda ni umri tu, kwa maana imefanya kazi zaidi ya miaka 25. Lakini mota iliyochoka, ambayo bushi zake zimekauka au kaboni zake zimekwisha, huvuta umeme mwingi kupita kiasi, na itaiunguza rilei mpya vilevile. Ufunguo ukiwa umetolewa, zungusha mapanga kwa mkono. Yanatakiwa kwenda bila kukwaruza na bila kuyumba. Kisha tafuta mtu mwenye klampu mita inayopima umeme wa betri (DC), uifunge kwenye waya mmoja wa feni. Feni ya gari dogo kama hili hula takribani kati ya ampea 6 na 12 ikishatulia, ingawa inapoanza huvuta mara kadhaa ya hapo kwa muda mfupi sana. Usijaribu kupima kwa kupitisha umeme ndani ya maltimita yako, kwani nyingi zina kikomo cha ampea 10 na mshtuko wa kuanza utaichoma fyuzi yake. Soketi nayo uitazame kwa tochi, kama alivyoonya Mama wa Safari Ndefu.

Kuhusu kuunga moja kwa moja: kama ungekwama njiani kwa sababu ya swichi ya joto, gari hili lina dawa ya bure, chomoa plagi ya swichi na feni itazunguka mpaka ufike. Kama ni rilei iliyokufa, kama ilivyokuwa kwako, waya wa muda wenye fyuzi yake unakubalika kwa safari hiyo moja. Kuuacha kwa miezi ni kuichosha mota na kuiendesha injini ikiwa baridi kila asubuhi. Vilevile rudisha themostati. Bila kifaa hicho injini haifiki joto lake barabara ikiwa wazi, inakula mafuta zaidi, na kwenye foleni haikusaidii lolote, kwa sababu tatizo lako halikuwa maji kutotembea bali hewa kutopita kwenye rejeta.

Mwanapwani amejibu:

Ndugu Fundi Waya, nimekubali na nimejifunza. Nimetoka nje sasa hivi kutazama gari la mke wangu la mwaka 1996, na mchoro wa rilei ya feni una mstari uliogusana. Ningeweza kumwekea rilei ya honi kwa mikono yangu mwenyewe nikidhani namsaidia. Naomba kuuliza jambo moja: kama feni inazunguka muda wote ufunguo ukiwa umefunguliwa, hata asubuhi, na rilei ni ya namna sahihi, tuanzie wapi?

Fundi Waya amejibu:

Chomeka waya mfupi kwenye plagi ya swichi ya joto ili kuipatia koili ethi kwa nguvu. Feni ikisimama, swichi yenyewe ndiyo haifungi, au plagi ilikuwa haijagusa vizuri. Ikiendelea kuzunguka, pima kama koili inafikiwa na volti 12 upande wake wa pili. Zikiwepo, na waya wa kutoka koili hadi swichi ukiwa mzima, koili imekatika au pointi zimegandana kwa kuungua, na maltimita itakwambia ni lipi kati ya hayo ukiwa umeitoa rilei mezani.

Mkazi wa Mbezi amejibu:

Ninarudi kutoa taarifa. Duka la kwanza na la pili walinipa rilei ambazo mita haikulia. Katika duka la tatu ililia. Kabla ya kuichomeka niliikagua soketi, ni safi, na mapanga yanazunguka kwa wepesi. Fundi umeme mmoja wa jirani ameniazima klampu mita yake, na feni inakula ampea 8. Rilei mpya inapoteza volti 0.1.

Themostati mpya imerudi mahali pake. Jana nilisimama kwenye foleni kwa zaidi ya nusu saa kiyoyozi kikiwa kimewashwa, na mshale haukupita nusu. Niliisikia feni ikiwaka, ikazima, ikawaka tena. Swichi ya kuunga moja kwa moja ambayo fundi alikuwa ameshaninunulia nimemrudishia, pamoja na ile rilei ya honi, aitumie kwenye gari la mtu anayehitaji honi.